RØDE Wireless PRO kwenye filamu ya michezo ya shule: thamani yake imo ndani ya transmita

Mapumziko ya mechi ya shule ni dakika chache ambazo filamu nzima ya makala inaweza kuzitegemea. Kocha anaingia chumbani, anaanza kwa sauti ya chini hadi walio nyuma wanasogea wamsikie. Dakika mbili baadaye anagonga ubao na kupaza sauti mpaka kuta zinaitika. Kisha anashuka tena, anamgeukia mchezaji mmoja na kumwambia maneno ambayo wengine hawakupaswa kuyasikia. Hakuna kurudia, na hakuna nafasi ya kusimama katikati ya wanafunzi ishirini huku umeshika maiki kwenye fimbo ndefu. Kifaa chochote cha sauti kinachouzwa kwa watengenezaji wa filamu za aina hii kinapaswa kupimwa hapo kwanza, mengine baadaye.

RØDE Wireless PRO, seti ya maiki zisizotumia waya, ilitoka mwaka 2023. Ndani ya seti mna transmita mbili za kurusha sauti, risiva moja ya kuipokea, kasha la kuchajia, maiki mbili za kubana nguoni za aina ya Lavalier II, sumaku za kushikizia transmita, vizuia upepo vyenye manyoya na nyaya za kuunganishia kamera au simu. Kila transmita ina maiki yake ndani na uzito wa gramu thelathini na ushei. Matangazo mengi yanasifu umbali wa mawimbi, mita 260 pasipo kizuizi. Kwa kazi ya michezo ya shule, umbali huo si sababu ya kununua seti hii. Sababu ni kwamba kila transmita ni kinasa sauti kamili chenye nafasi ya GB 32 na kinarekodi kwa biti 32 za floti, aina ya rekodi nitakayoieleza hapo chini. Mawimbi yatakusaidia kusikiliza. Sauti itakayoingia kwenye filamu itoke ndani ya transmita.

Anayetegemea mawimbi kwenye mechi ataumia, na ataumia siku ya fainali. Mfumo huu unatumia masafa ya 2.4 GHz, yaleyale ya Wi-Fi na Bluetooth. Asubuhi ukumbi ukiwa mtupu unafanya majaribio, kocha anatembea kona hadi kona, sauti inakuja safi kama maji. Jioni mashabiki mia nne wanaingia, kila mmoja na simu mfukoni, na masafa yanajaa. Tena mwili wa mtu ni maji kwa sehemu kubwa, na maji hufyonza mawimbi ya 2.4 GHz. Kocha akibandikwa transmita nyuma ya kiuno halafu akageukia kamera, kiwiliwili chake kizima kimekuwa ukuta kati ya transmita na risiva. Wachezaji wa akiba wakisimama kushangilia bao, ukuta umeongezeka. Ndipo sauti inapokatika vipande vipande, na kwa kawaida inakatika wakati uleule wa tukio kubwa, kwa sababu tukio kubwa ndilo linalowainua watu.

Njia nzuri ya kupanga kazi ni kuiondoa risiva kwenye kamera yenye lenzi ndefu. Kamera hiyo iko ng'ambo ya uwanja au juu jukwaani, na pale ndipo mawimbi yanapofika yakiwa yamechoka. Mpe risiva mtu wa pili aketi mita nane au kumi kutoka benchi, avae hedifoni, awe na daftari. Risiva ina tundu la hedifoni, kwa hiyo haihitaji kuunganishwa na kamera ndipo isikike. Mtu huyu anaandika saa na dakika kila kocha anaposema jambo la maana: "4:17, anamtoa nahodha, nahodha anabisha." Mhariri akija kukaa na saa sitini za sauti, daftari hilo litamwokolea siku nyingi. Mtu huyohuyo ndiye atakayegundua kwamba maiki inasuguana na jaketi, mapema kiasi cha kurekebisha kabla ya kipindi cha pili.

Sasa hizo biti 32 za floti. Rekodi ya kawaida ya biti 24 ina upana wa takribani desibeli 144 kati ya sauti ndogo kabisa na kubwa kabisa, lakini ina dari: sauti ikigonga juu inakatwa kichwa na hairudi. Ndiyo maana fundi sauti hukaa na kidole kwenye kitufe cha kiwango, akishusha na kupandisha. Floti ya biti 32 ina upana wa zaidi ya desibeli 1,500, zaidi ya kelele yoyote ya dunia hii. Kwa vitendo, hakuna kiwango cha kurekebisha kwenye rekodi ya ndani. Mnong'ono na ukelele wa kocha vinaingia kwenye faili moja. Ukilifungua faili kwenye DaVinci Resolve, programu ya uhariri, utaona mawimbi ya sauti yamebanwa juu kama yameharibika. Shusha kiwango cha klipu hiyo kwa desibeli 15 au 20, na umbo lake linarudi lenyewe, vilele vyote vikiwa salama.

Kosa linalofanywa hapa ni la mpangilio wa kazi. Mhariri msaidizi anapokea mafaili, anayageuza yote kuwa biti 24 ili yalingane na mengine, na hajashusha kiwango. Hapo kila kilichozidi dari kimekatwa moja kwa moja, na faida yote ya floti imepotea katika kubofya mara moja. Shusha kwanza, geuza baadaye, na faili la awali libaki lilivyo kwenye diski mbili tofauti. Kumbuka pia kwamba floti iko kwenye rekodi ya ndani pekee. Sauti inayotoka kwenye risiva kwenda kamera kupitia waya wa 3.5 mm ni sauti ya kawaida, na ikizidi inakatika kama nyingine yoyote. Mfumo wa GainAssist unajaribu kuidhibiti hiyo kwa kupandisha na kushusha wenyewe. Kwa sauti ya kusikilizia na kuoanishia, uache ufanye kazi yake.

Na floti haitibu kila ugonjwa. Kinachorekodiwa ni kile kilichotoka kwenye maiki, na maiki yenyewe ina kikomo chake. Filimbi ya kocha ikipulizwa sentimita kumi kutoka kwenye kichwa cha maiki, utando wa maiki unaweza kuzidiwa kabla umeme haujafika kwenye rekodi. Hapo hakuna biti zitakazokuokoa. Vilevile mwangwi wa ukumbi wenye kuta za saruji na paa la bati utaingia wote, floti au si floti. Dawa ya mwangwi ni ukaribu: maiki ikae ndani ya upana wa kiganja kimoja kutoka kidevuni.

Kumvalisha kocha maiki ndiko kunakotenganisha sauti ya filamu na sauti ya bahati nasibu. Kichwa cha Lavalier II ni bapa, kinajificha vizuri chini ya utepe wa vifungo wa shati la kola. Fanya hivi. Kata vipande viwili vya plasta ya kitambaa, kila kimoja kama urefu wa kidole gumba. Kunja kila kimoja kuwa pembetatu, upande wa gundi ukiwa nje. Weka maiki katikati ya pembetatu mbili, tundu lake likiwa wazi, kisha bandika upande mmoja kwenye shati na upande wa pili kwenye utepe wa vifungo. Vitambaa viwili vikishikamana na maiki, haviwezi tena kusuguana nayo vikaipigia kelele. Sentimita tano chini ya maiki, piga kitanzi kidogo cha waya na ukibandike kwa plasta nyingine. Kitanzi hicho kina kazi mbili: waya ukivutwa, mvuto unaishia hapo bila kufika kwenye maiki, na jasho linaloteremka kwenye waya linadondoka kwenye kitanzi badala ya kuingia kwenye kichwa.

Waya upite ndani ya shati, na transmita ikae mbele ya kiuno, upande ambao mtu wa risiva ameketi. Plagi ya maiki ina skrubu ya kujifunga kwenye transmita. Ifunge mpaka mwisho, maana makocha hukaa, huinuka, hupiga magoti na huinama mara mia kwa mechi moja, na plagi isiyofungwa itachomoka bila mtu kujua. Bandika kipande cha plasta juu ya vitufe pia. Kiwiko au mkanda ukikandamiza kitufe, kifaa hakina namna ya kukuarifu kama hakuna anayesikiliza.

Kamba ya filimbi ni adui wa pekee na wengi humsahau. Filimbi inaning'inia kifuani, palepale maiki ilipo, na kila kocha anapotembea inagonga: tak, tak, tak. Kelele hiyo haiondoki katika uhariri kwa sababu imekaa juu ya maneno yenyewe. Mwombe kocha aishike mkononi au aivae kwenye kifundo cha mkono, au sogeza maiki upande, karibu na mfupa wa bega. Beji za plastiki, saa za kuning'iniza na zipu za jaketi la michezo zina tabia hiyohiyo. Nailoni ya tracksuti ndiyo mbaya kuliko zote. Kocha akivaa jaketi la nailoni, maiki iwe juu ya jaketi na kizuia upepo chake, isifichwe chini yake. Mtazamaji atavumilia kuona kinyoya kidogo kifuani. Hatavumilia dakika tisini za mkwaruzo.

Jasho na mvua vinahitaji tahadhari. Kifaa hiki si cha kulowa. Mfuko mdogo mwembamba wa plastiki, mdomo wake ukafungwa kwa plasta kuuzunguka waya, unatosha kuikinga transmita na jasho la kiuno, na hauzibi mawimbi. Usiifunge kwa karatasi ya alumini wala kuitia kwenye pochi yenye chuma.

Oanisho la sauti na picha ndilo eneo la pili ambapo seti hii inajilipia. Risiva inatengeneza taimukodi, yaani alama ya saa ya kuoanishia, na kuzipa transmita zote mbili, na kila faili linaandikwa saa yake. Kwenye kamera isiyo na tundu la taimukodi, alama hiyo huingizwa kama mlio kupitia tundu la maiki, halafu Resolve husoma taimukodi kutoka kwenye sauti na kupanga klipu zote mahali pake. Ubaya ni kwamba kamera yenye tundu moja tu la maiki inabaki na mlio badala ya sauti ya uwanja. Wapo wanaopenda kuacha kamera na maiki yake na kuoanisha kwa kulinganisha umbo la sauti. Ndani ya chumba, njia hiyo inafanya kazi vizuri. Ukiwa mbali, inakuangusha, na sababu yake ni ya fizikia: sauti husafiri takribani mita 343 kwa sekunde. Kamera iliyo mita 70 kutoka benchi husikia ukelele wa kocha karibu sekunde 0.2 baada ya maiki iliyo kifuani mwake. Kwa fremu 25 kwa sekunde hizo ni fremu tano. Programu italinganisha sauti na sauti, na midomo itaonekana inatangulia maneno. Kamera za mbali zioanishwe kwa taimukodi. Na ukitaka kuchanganya sauti ya uwanja kutoka kamera na sauti ya kocha, iwahishe ile ya kamera kwa fremu hizo tano, la sivyo kila neno litasikika mara mbili.

Kabla ya mechi, hakikisha kiwango cha fremu cha taimukodi kwenye risiva ni kilekile cha kamera. Tofauti kati ya 24 na 23.976 inaonekana kama utani ukiisoma kwenye menyu, lakini kwa saa moja inafika sekunde 3.6. Kamera ya pili aliyokuja nayo mwenzako inaweza kuwa imewekwa 29.97 wakati yako ni 25, na hakuna atakayegundua mpaka siku ya uhariri. Hata baada ya yote hayo, piga makofi mara moja mbele ya kila lenzi mwanzoni na mwishoni mwa kipindi. Ni sekunde mbili tu, na siku taimukodi itakapogoma ndizo zitakazokuokoa.

Betri ya transmita ni hadi saa saba, na kasha linaichaji tena mara mbili kamili. Siku ya mechi ya shule inaingia humo bila taabu: kocha avae saa moja kabla ya timu kuondoka, avue baada ya mkutano wa mwisho. Siku za mashindano yenye mechi tatu ni jambo jingine. Hapo tumia transmita kwa zamu, moja kasha, moja mwilini. Nafasi ya GB 32 inatosha zaidi ya saa 40 za rekodi, na ukarimu huo una mtego wake: watu huacha mafaili humo wiki nzima. Toa mafaili kila usiku kupitia programu ya RØDE Central, yape majina ya tarehe, timu na aliyevaa, nakili kwenye diski mbili, sikiliza dakika moja kutoka kila faili, ndipo ufute. Na usiku huohuo hakikisha kwenye mipangilio kwamba rekodi ya ndani imewashwa. Kusahau jambo hilo moja ni kubaki na mawimbi matupu, yaani kukosa kile ulichonunulia kifaa.

Transmita ya pili wengi humvalisha kocha msaidizi. Kuna matumizi bora. Ibandike chini ya benchi, upande wa wachezaji wa akiba, ikitumia maiki yake ya ndani na manyoya yake. Wachezaji wa akiba ndio wasimulizi wa mechi: wanahesabu dakika, wanamtaja aliyechoka, wananyamaza wote kwa pamoja mwenzao anapoanguka. Ukimya ule ukiwa na pumzi zake, hakuna muziki utakaoufikia. Au mpe mzazi jukwaani aliyekubali. Mchezaji aliye uwanjani asivae. Ni plastiki ngumu mwilini mwa kijana atakayegongwa, na waamuzi wengi hawatakubali hata ukiomba. Mazoezi ya kupiga mipira bila kukabana yanaruhusu, na hapo sumaku haitoshi. Tumia mkanda wa kiunoni.

Kuna jambo linalotokana na uzuri uleule wa kifaa hiki, nalo linahitaji uzito wake. Kinasa kinachorekodi mfululizo kwa saa nyingi hakijui kipi ni mechi na kipi ni siri. Kocha atakwenda chooni nacho. Atamfariji mwanafunzi aliyetoka kwenye msiba. Atajadiliana na mzazi kuhusu goti la mtoto, na mtoto huyo huenda wazazi wake hawakutia saini fomu yoyote. Kibali cha shule peke yake hakitoshi. Mzazi au mlezi asaini na mwanafunzi mwenyewe akubali, naye ajue kwamba kocha akiwa na maiki, maneno yake pia yanaingia. Mwonyeshe kocha jinsi ya kuizima transmita kabisa, mfanyie mazoezi mara tatu mbele yako, na mwambie wazi kwamba hatahojiwa alizima kwa nini. Yule wa hedifoni avue hedifoni mazungumzo yanapoingia mahali pasipomhusu, na aandike saa ili kipande hicho kifutwe usiku uleule kabla hakijanakiliwa.

Je, ni kifaa cha kila timu? Anayehitaji sauti ya moja kwa moja bila kukatika, mathalani kwa matangazo ya mubashara, atafute mfumo wa UHF (masafa ya redio yasiyo ya Wi-Fi) na fundi wa kuusimamia, akizingatia vibali vya masafa. Anayefanya kazi peke yake bila mtu wa kusikiliza anaweza kutosheka na Tascam DR-10L Pro, kinasa sauti kidogo cha kuvaliwa. Hicho nacho kinarekodi floti ya biti 32, kinatumia betri mbili za AAA zinazopatikana dukani na kinaandika kwenye kadi ya microSD, ila hakirushi sauti hewani, kwa hiyo maiki ikianza kusuguana utajua nyumbani. DJI Mic 2, seti nyingine ya maiki zisizotumia waya, ni nyepesi na rahisi kuizoea, nayo ina floti ndani, lakini nafasi yake ni GB 8 na haina taimukodi. Kwa mahojiano na mazoezi haina neno. Kwa msimu mzima wenye kamera tatu, pengo la taimukodi litakula muda wa mhariri wiki baada ya wiki.

Ukishanunua Wireless PRO, ongeza maiki ya tatu ya kubana, kwa sababu waya wa maiki hufa kabla ya kitu kingine chochote, nao hufia pale unapoingia kwenye plagi. Ongeza roli mbili za plasta ya kitambaa, hedifoni zinazoziba masikio yote, na vizuia upepo vya akiba. Vile vya manyoya hung'oka kocha anapovua jaketi, na kwenye nyasi havionekani tena.